Ijumaa Tarehe Mosi

Huko Shire, mtu akitaka kusema kwamba jambo halitatokea kamwe, husema litatokea Ijumaa tarehe mosi. Ni usemi wa wahobiti, wale watu wafupi wapenda kula katika hadithi za J. R. R. Tolkien, nao unabeba maana tunayoibebesha sisi kwenye maziwa ya kuku. Nilipousoma mara ya kwanza niliupita kama mzaha. Miaka baadaye nilichukua kalamu na karatasi, nikahesabu. Kweli: kalenda ya Shire haina mwezi unaoweza kuanza Ijumaa, mwaka huu wala mwaka wowote.

Mwaka wao una miezi 12, kila mmoja siku 30, jumla 360. Tano zilizobaki hazimo ndani ya mwezi wowote. Mbili ni za Yule, moja inafunga mwaka na nyingine inaufungua. Tatu huangukia katikati ya mwaka, wakati wa joto, na huitwa siku za Lithe. Mabaharia wa Kiswahili waliofuata mwaka wa Nairuzi wangeielewa hesabu hii upesi, kwani wao walikuwa na miongo 36 ya siku kumi kumi, na pembeni siku tano za gatha. Anayegawa mwaka kwa namna hii hubakiwa na siku tano mkononi, na ufundi wake huonekana pale anapozitafutia mahali.

Wahobiti walifanya jambo la ujasiri. Siku ya katikati kabisa ya mwaka waliitoa ndani ya juma. Si Jumatatu, si Jumanne. Haina jina la siku. Mwaka mrefu ukifika, siku ya nyongeza iitwayo Overlithe hupachikwa hapohapo, nayo haina jina la siku. Zinazobaki ni 364, yaani majuma 52 kamili. Basi kila mwaka huanza Jumamosi na kuisha Ijumaa, na kila tarehe hukaa siku yake milele. Sasa fuata mianzo ya miezi. Siku ya Yule inayoufungua mwaka huchukua Jumamosi, basi wa kwanza huanza Jumapili. Siku 30 ni majuma manne na siku mbili, kwa hiyo kila mwezi unaruka siku mbili mbele: Jumanne, Alhamisi, Jumamosi, Jumatatu, Jumatano. Unaofuata ungeanza Ijumaa. Lakini hapo ndipo zinapoingia siku za Lithe. Ile ya kwanza inaichukua Ijumaa hiyo, ya katikati haina jina, ya tatu inachukua Jumamosi, na mwezi wa saba unaanza upya Jumapili. Nusu ya pili inarudia nyayo zilezile, na Yule inaimeza Ijumaa ya mwisho. Nilipofika hapo niliweka kalamu chini. Utani wa kijijini ulikuwa umesimama juu ya hesabu isiyo na ufa.

Maelezo yote haya yamo katika kurasa chache za kiambatisho, mwishoni mwa juzuu ya tatu ya The Lord of the Rings, iliyotoka 1955. Tolkien alikuwa amefundisha Kiingereza cha kale huko Oxford kwa miaka mingi, na majina ya miezi ya Shire aliyachimba humo humo. Mtawa Bede, katika kitabu chake cha Kilatini cha mwaka 725 kuhusu kuhesabu nyakati, aliorodhesha miezi ya Waingereza wa kale. Mmoja uliitwa Thrimilchi, kwa kuwa ng'ombe walikamwa mara tatu kwa siku. Tolkien aliliachia jina hilo lichakae kama yanavyochakaa maneno vinywani mwa wakulima, likawa Thrimidge.

Uchakavu huo ndio ninaoupenda kuliko yote. Juma la Eldar, watu wasiokufa kwa uzee, lilikuwa na siku sita: ya Nyota, ya Jua, ya Mwezi, ya Miti Miwili, ya Mbingu, na ya Valar, wenye enzi wa dunia hiyo. Watu wa Númenor, mabaharia wakubwa, walichomeka siku ya saba, siku ya Bahari. Wahobiti wakarithi juma hilo na kusahau maana zake. Siku ya Bahari ikawa Mersday, ikabaki jina tu. Anayesema Kiswahili anaijua hali hii. Jumatano yetu ina tano ndani yake, na Alhamisi inayofuata ni tano ya Kiarabu. Tano mbili zinaongozana na hakuna anayejikwaa. Tena wahobiti huanza juma Jumamosi, nayo Ijumaa ndiyo siku yao kuu, ya kupumzika baada ya adhuhuri na kufanya karamu jioni. Tolkien alilazimika kuwafafanulia jambo hilo wasomaji wake wa Kiingereza. Sisi tunalisikia katika mosi ya Jumamosi.

Kuna hesabu nyingine, iliyojificha zaidi. Eldar walihesabu kwa yén, miaka 144. Kila mwaka wa kumi na mbili waliongeza siku tatu, hivyo yén moja ina siku 52,596, wastani wa 365.25 kwa mwaka. Hiyo ni ndefu kidogo kuliko mwaka wa jua. Tolkien aliliona, akaandika: huko Rivendell, makao ya Eldar, mwishoni mwa kila yén ya tatu, siku hizo tatu haziongezwi. Nikagawanya: siku 157,785 kwa miaka 432 ni 365.24306. Jua lenyewe ni karibu 365.2422. Kosa halifiki siku moja hata baada ya miaka 1,100. Na bado anasema marekebisho hayo hayajapata kutokea katika zama za waandishi wa kitabu. Alitengeneza kifaa ambacho hakuna mhusika wake angekiona kikifanya kazi.

Ndivyo alivyokuwa. Mei 1944 alimwandikia mwanawe Christopher kwamba mwezi katika hadithi yake ulikuwa ukichomoza upande mmoja wa nchi na kutua upande mwingine kwa wakati uleule, na alitumia alasiri nzima kurekebisha sura za nyuma.

Kwa hiyo nilirudi kwenye sura za mwanzo na kanuni ya kalenda ya Shire mkononi. Mwezi wa tisa huanza Alhamisi. Tarehe 22 nayo ni Alhamisi. Katika sura ya kwanza, iliyochapishwa 1954, kabla msomaji yeyote hajaiona kanuni hiyo, mhobiti Bilbo anatimiza miaka 111 siku ya Alhamisi, tarehe 22 Septemba. Sura mbili mbele, miaka 17 imepita na Frodo, mrithi wake, anatimiza 50, tarehe ileile. Tolkien anaitaja siku kwa kupita tu, kama mtu anayetazama kalenda ukutani. Ni Alhamisi.