Treni Yenye Jina la Waziri

Watu wa Dar es Salaam ni hodari wa kuvipa vitu majina, na mara nyingi jina hueleza jambo kuliko ripoti. Treni ya abiria wa mjini iliyoanza tarehe 29 Oktoba 2012 hawakuiita kwa jina la shirika wala la njia yake. Waliiita Treni ya Mwakyembe, maana Dakta Harrison Mwakyembe ndiye aliyekuwa Waziri wa Uchukuzi. Shukrani alistahili. Reli ya Kati ilianza kujengwa na Wajerumani mwaka 1905, lakini kwa miaka mingi ilikuwa zaidi ya safari za bara na mizigo. Hata hivyo, jina lile lilikuwa na upungufu ndani yake. Kitu kikiitwa kwa jina la mkubwa, tumekwisha kukubali kuwa ni hisani, na hisani haidaiwi.

Tuitazame huduma yenyewe. Njia zilikuwa mbili: ya TRL kati ya Stesheni na Ubungo Maziwa, na ya TAZARA hadi Mwakanga. Faida yake ilikuwa wazi. Ashukaye Stesheni hufika kwa miguu Kivukoni, penye maofisi na pantoni ya Kigamboni. Ashukaye Kamata yu jirani na Kariakoo. Lakini treni zilikwenda asubuhi na jioni tu, kwa mabehewa ya zamani yaliyokarabatiwa, juu ya reli iliyojengwa kwa kazi nyingine. Tena reli hizo mbili hazilingani: ya Kati ina upana wa milimita 1,000, ya TAZARA 1,067. Injini ya huku ikiharibika, ya kule haiwezi kuja kuokoa. Wahenga walisema nguo ya kuazima haisitiri matako.

Mtu atasema reli nyembamba ndiyo sababu. Siyo. Japani ilipoligawa shirika lake la reli mwaka 1987, ziliundwa kampuni sita za abiria, kila moja na eneo lake. Njia zao nyingi za kawaida zina upana uleule wa TAZARA, milimita 1,067. Huko treni ikichelewa, abiria hupewa hati ndogo ya kumwonyesha mwajiri wake. Ni kikaratasi tu, lakini kinakiri nani anamdai nani. Tena baadhi ya njia zao za mashambani zimefungwa kwa kukosa abiria. Sisi abiria tunao hadi milangoni. Kilichokosekana ni ile ahadi.

Nakubali kwamba mnyonge huanza na alichonacho. Kuanza na mabehewa ya zamani hakukuwa kosa. Kosa ni kudhani kwamba kuanza ndiko kumaliza. Januari 2015 waziri alihamishiwa wizara nyingine, na mwaka 2016 ikaongezwa treni ya Pugu. Kumbe huduma ingeweza kuishi bila mwenye jina.

Mwaka huohuo wa 2016 yalianza mabasi ya mwendokasi, yakapewa barabara yao na vituo vyao hadi Kivukoni. Misongamano yake na foleni zake twazijua, na watu huyalalamikia kwa sauti. Mimi naona lalamiko hilo ni dalili njema: mtu hulalamikia kilicho chake. Treni tuliishukuru zaidi kuliko tulivyoidai.

Tangu 2024 ipo reli ya kisasa ya umeme inayokwenda Morogoro na Dodoma, na stesheni yake ya Dar es Salaam imepewa jina la Rais Magufuli. Ni kazi kubwa. Lakini mama muuza mboga wa Tabata haendi Dodoma kila alfajiri, anakwenda Kariakoo. Anachohitaji ni ratiba ubaoni, treni ifike kwa saa iliyoandikwa, na isipofika awepo mtu wa kumjibu. Hapo ataiita kwa jina la mahali inakokwenda, kama watu wanavyoita daladala.