Chama cha Wanazuoni na Wakati wa Kubuni: Uhakiki wa "Tlön, Uqbar, Orbis Tertius"

Hadithi fupi ya Jorge Luis Borges, mwandishi wa Ajentina, iitwayo "Tlön, Uqbar, Orbis Tertius", ilichapishwa kwanza mwaka 1940 katika jarida la Sur, kisha ikatiwa katika mkusanyiko wake Ficciones wa mwaka 1944. Haina mapenzi wala safari wala ugomvi wa maana. Mhusika wake mkuu ni chama. Mapema katika karne ya 17 wanazuoni kadhaa wanakutana kwa siri ili wabuni nchi isiyokuwako. Borges anawatia miongoni mwao watu wa kweli: George Dalgarno, aliyetunga lugha ya kubuni, na George Berkeley, askofu na mwanafalsafa wa Ireland. Kazi inawazidi umri. Karne mbili baadaye tajiri mmoja wa Marekani analicheka wazo la nchi kuwa ni dogo mno, akaagiza ibuniwe sayari nzima. Mwaka 1914 wanachama mia tatu wanapokea juzuu ya mwisho ya ensaiklopidia ya juzuu 40, yenye sarufi, hesabu, dini na falsafa ya Tlön.

Wahakiki wengi wameisoma hadithi hii kama mchezo juu ya falsafa ya Berkeley, na ni kweli. Lakini kwa mwanafunzi wa lugha jambo zito zaidi ni lile ambalo chama kinaanza nalo: sarufi. Lugha za kusini mwa Tlön hazina nomino, zina vitenzi visivyo na mtenda. Za kaskazini zinajengwa juu ya vivumishi. Kutokana na sarufi hiyo inachipuka falsafa, na katika falsafa hiyo madhehebu moja inaukana wakati kabisa: yajayo ni tumaini la sasa tu, yaliyopita ni kumbukumbu ya sasa tu. Borges hasemi popote kwamba hatua hii, kutoka umbo la kitenzi hadi imani juu ya wakati, yahitaji ushahidi. Anaiacha ipite kana kwamba ni dhahiri.

Hata hivyo, hadithi yenyewe inaipinga. Mzushi mmoja wa Tlön anasimulia habari za mtu aliyepoteza sarafu tisa za shaba siku ya Jumanne, nazo zikaokotwa siku zilizofuata, baadhi hapa na baadhi pale. Swali lake ni kama sarafu hizo ziliendelea kuwako zilipokuwa hazionwi na mtu. Lugha ya Tlön haina njia nyepesi ya kulisema jambo hilo, na wapinzani wa mzushi wanamlaumu kwa kutumia maneno mapya, "kupoteza" na "kupata". Lakini wanabishana naye, na ubishi huo unaendelea kwa karne nzima. Watu hawabishani na neno wasilolifahamu. Kwa hiyo lugha ya Tlön haikuwafunga wenyeji wake, iliwataabisha tu. Hapa ndipo penye nguvu ya hadithi, ingawa si hakika kama mwandishi alikusudia hivyo.

Chama cha Borges ni cha kubuni, lakini kazi yake si ya kubuni. Benjamin Lee Whorf, mkaguzi wa kampuni ya bima ya moto aliyefariki mwaka 1941, aliandika kwamba lugha ya Wahopi wa Marekani haina maneno wala maumbo ya kutaja wakati. Dai hilo lilizunguka vyuoni kwa miongo kadhaa, mpaka Ekkehart Malotki alipotoa mwaka 1983 kitabu kinene chenye mifano mingi ya Wahopi wakizungumzia siku, misimu, jana na kesho.

Afrika Mashariki nayo ina Tlön yake. Mwaka 1969 John Mbiti, mwanatheolojia aliyezaliwa Ukambani mwaka 1931 na kufariki mwaka 2019, alitoa kitabu African Religions and Philosophy. Humo alipanga jedwali la njeo za Kikamba na Kikikuyu, akaamua kwamba njeo za wakati ujao zinafika miezi sita hivi, na kwa vyovyote hazipiti miaka miwili. Kwa hiyo, akasema, Mwafrika wa mapokeo karibu hana wakati ujao. Ili aepuke mawazo yanayoandamana na istilahi za Kiingereza, alichagua maneno mawili ya Kiswahili, Sasa na Zamani. Kwame Gyekye wa Ghana alimjibu, hasa katika kitabu chake cha mwaka 1987, kwa ushahidi wa Kiakan, lugha yenye maneno ya wakati ujao wa mbali. Jibu hilo halikuenea kama jedwali lilivyoenea.

Kiswahili kimekopesha maneno hayo bila kuulizwa. "Zamani" limetoka katika Kiarabu, ambamo maana yake ni wakati tu, na katika Kiswahili mtu huweza kusema "zamani hizi" akikusudia siku za leo. Kiambishi -ta- kimetokana na kitenzi -taka, na umbo hilo bado limo katika urejeshi: atakayekuja, siku itakapofika. Mwanachama wa chama cha Tlön angefurahi mno kuliona hilo, akaandika kwamba kwa Waswahili yajayo ni matakwa ya sasa tu. Lakini neno ambalo Waingereza hulitumia kutaja wakati ujao nalo lilitokana na kitenzi cha kutaka, wala Waingereza hawajahesabiwa kuwa watu wasio na kesho. Tena, kama idadi ya maneno ndiyo kipimo, Kiswahili kinaelekea mbele kuliko nyuma: kurudi nyuma kina jana na juzi, na baada ya hapo msemaji hana budi kuhesabu, kwenda mbele kina kesho, kesho kutwa, mtondo na mtondogoo. Maneno mawili ya mwisho yanafifia, hasa mijini. Je, yakitoweka wasemaji watakuwa wamepoteza siku mbili?

Haki yampasa Mbiti. Swali lake la asili lilihusu namna Wakamba walivyoyapokea mahubiri ya siku za mwisho, nalo lilikuwa swali la kweli. Aliyoyaeleza kuhusu wafu ambao wangali wakikumbukwa kwa majina, na wanaozama zaidi kila anapofariki aliyewajua, ni uchunguzi wa thamani kubwa ambao haukuhitaji jedwali la njeo hata kidogo. Kosa lilikuwa kuuegemeza juu ya sarufi, na kosa kubwa zaidi ni la waliomfuata wakanakili jedwali na kuuacha uchunguzi.

Katika sehemu ya mwisho ya hadithi, ensaiklopidia inavuja, shule zinaanza kufundisha historia na lugha ya Tlön, na kumbukumbu ya kale inafutika. Msimulizi anayaona yote, kisha anajitenga katika hoteli moja ya Adrogué, aendelee na tafsiri ambayo hana nia ya kuichapa. Borges mwenyewe hakuwa mkaidi kiasi hicho: katika insha yake ya mwaka 1947 ya kuukanusha wakati, alimaliza kwa kukiri kwamba wakati upo. Msimulizi wake hakiri wala hakanushi. Na katika kurasa zote hizo hamna hata mwenyeji mmoja wa kawaida wa Tlön anayesikika akiagana na mwenzake, akidai deni, au akipanda mti kama mnazi wa pwani, ambao mpandaji hungoja miaka sita au zaidi kabla ya kuangua nazi ya kwanza.