Nyonga ya Shangazi katika Juzuu Tatu

Shangazi yangu aligongwa na pikapu karibu na njia ya kuingia Kariandusi, akiwa amekaa nyuma ya bodaboda na kikapu cha sukuma mapajani. Ya siku ile sitayaeleza. Barabara kuu ya Nairobi kwenda Nakuru inajulikana, na huku kwetu kila boma lina kisa chake. Ninachotaka kusimulia ni yaliyofuata baada ya kutoka wodini: safari tano za kurudi kliniki ya mifupa mjini Nakuru, tukipita Mbaruk, Lanet na Pipeline, yeye kiti cha mbele na mikongojo ikiwa mapajani pangu. Katika safari hizo nilijifunza kuheshimu kazi ambayo awali sikujua hata kama ipo.

Ukitoka kwa daktari, faili huenda dirisha la rekodi. Nyuma ya dirisha lile kulikuwa na mama mmoja wa makamo, miwani imening'inia kwa uzi shingoni. Tulimjua kama mtu wa kugonga muhuri. Safari ya pili foleni ilikuwa fupi, shangazi akamuuliza, "Mwanangu, mbona faili yangu unaisoma kuliko daktari?" Akacheka, akatuvutia benchi. "Kaeni, Mama. Ni yako, una haki ya kuona ninachoiandikia."

Mezani alikuwa na juzuu tatu za ICD-10, orodha ya magonjwa na majeraha ya Shirika la Afya Duniani, iliyopitishwa mwaka 1990. Ukoo wake ni mkongwe: Mfaransa Jacques Bertillon aliwasilisha orodha ya kwanza ya sababu za vifo mwaka 1893 kule Chicago, na toleo la kumi na moja limeanza kutumika rasmi mwaka 2022. Lakini pale mezani mfalme alikuwa bado ni huyu wa kumi, gamba limeshikwa kwa utepe wa plasta ya hospitali.

Nilitazama mikono yake. Alianza na juzuu ya tatu, ambayo ni faharasa, akitafuta neno la mvunjiko, kisha akashuka kwa kidole hadi kwenye nyonga. Alipopata namba hakuiandika. Aliifungua juzuu ya kwanza, akaitafuta namba ileile, akasoma maelezo yaliyo chini yake, yanayojumuishwa na yanayotengwa, ndipo akashika kalamu. Kila mara alifanya hivyo, hata kwa namba ambazo bila shaka alizijua kwa moyo. Faharasa inakuelekeza mtaa tu. Mlango wa nyumba unaubisha kwenye juzuu ya kwanza. Karani mwenye haraka huishia mtaani.

Akaturudisha kwenye ukurasa wa siku ya ajali, atueleze alikoanzia. Nyonga ni pete ya mifupa, na pete ngumu ikibanwa ni kama bangili ya kioo: ni nadra kuvunjika mahali pamoja. Ripoti ya eksirei ilitaja sehemu mbili, mfupa wa kinena mbele, na kikombe kinachobeba kichwa cha paja. Kinena ni S32.5. Kikombe ni S32.4. Kwa kuwa ni mivunjiko zaidi ya mmoja, namba iliyotangulia ilikuwa S32.7, na zile mbili zikafuata nyuma yake ili mahali penyewe pasipotee. Daktari angeandika tu kwamba mama huyu amevunjika nyonga, basi, angeangukia S32.8, chungu kinachopokea kila mvunjiko wa nyonga usiotajwa mahali. Halafu chini yake V23.5. Herufi ya V ni ajali za usafiri, 23 ni aliyekuwa kwenye pikipiki iliyogongana na gari dogo, pikapu au gari la aina ya matatu, na 5 ya mwisho ni abiria, tena barabarani, si uani kwa mtu. Herufi moja na tarakimu tatu, na ndani yake nikamwona shangazi na kikapu chake.

Kazi ngumu, alisema, si ile ya siku ya kwanza. Siku ya kwanza mfupa unapiga kelele wenyewe. Ugumu uko kwenye marudio, pale daktari mwenye wagonjwa sitini barazani anapoandika mstari mmoja, maumivu yamepungua, kisha TCA 6/52, yaani arudi baada ya wiki sita. Mwenye kurekodi anapaswa kujiuliza: mtu huyu leo yuko wapi katika safari ya mfupa wake? Akirudi kwa mikongojo, mfupa bado unajijenga, kuna Z54.4, kipindi cha kupata nafuu baada ya matibabu ya mvunjiko. Matibabu yakiisha akaja kukaguliwa tu kama amepona, ni Z09.4. Angekuwa na chuma ndani na amekuja kitolewe, Z47.0. Mfupa ukichelewa kuunga ni M84.2, ukikataa kabisa, M84.1. Wamarekani, katika toleo lao wenyewe, huyabana haya kwenye herufi ya saba mwishoni mwa msimbo: A wakati matibabu yenyewe yanaendelea, D kwa marudio mfupa ukipona vizuri, G ukichelewa, K usipounga, S kwa madhara yaliyobaki. Hiyo A huwaponza wengi, kwa sababu haimaanishi ziara ya kwanza. Mgonjwa anaweza kuonwa na daktari wa tatu na bado akawa A, ikiwa ndiyo kwanza anafanyiwa upasuaji.

Nikamuuliza ubaya uko wapi kuandika S32.7 kila mara, maana nyonga ni ileile. Hapo alivua miwani. Alivuta fomu namba 705B ya Wizara ya Afya, ya muhtasari wa wagonjwa wa nje waliozidi miaka mitano, akanionyesha mstari wa majeraha ya barabarani, na chini kabisa mistari inayotenganisha waliokuja mara ya kwanza na waliorudi. Hesabu hizo huingia kwenye mfumo wa taarifa za afya wa taifa. "Mama huyu nikimwandika mvunjiko mpya mara tano," alisema, "nimemgongesha na pikapu mara tano. Na mwenye kupanga vitanda, au matuta ya barabarani, atakuja kuniamini." Sijasikia maneno mazito kuliko hayo kutoka nyuma ya dirisha.

Tangu siku hiyo nimekuwa nikipita makumbusho yetu ya Kariandusi kwa jicho jingine. Watu wa Louis Leakey waliyaona mashoka ya mawe pale mwaka 1928, mengine ya obsidiani nyeusi inayong'aa, yaliyochongwa takriban miaka milioni moja iliyopita, na mengi yamelazwa yalipokutwa, kila jiwe kwenye tabaka lake. Jiwe lile likiokotwa bila kuandikwa lilitoka tabaka gani, haliwezi tena kukwambia ni la lini. Mama wa rekodi naye huandika tabaka.

Safari ya tano ilikuwa mwezi wa kumi na nne baada ya ajali. Shangazi alikuwa ameshaacha mikongojo, lakini nyonga ya kulia ilianza kumuuma akipanda mlima wa nyumbani, na jioni alichechemea. Daktari, kijana mpya ambaye hakuwahi kumwona, alitazama picha, akaandika kwamba kiungo cha nyonga kimelika, akampa dawa. Faili ikafika dirishani.

Mama akaisoma. Akarudi nyuma kurasa kadhaa, hadi kwenye S32.4, kikombe kilichovunjika. Akakaa kimya. Kama angeandika alichoandika daktari bila kuongeza, ingekuwa M16.9, kiungo kimelika bila sababu kutajwa, na shangazi angehesabiwa pamoja na wazee ambao nyonga zao zimechoka kwa umri. Na hata kama yeye aliona sababu wazi, hana ruhusa ya kuitia mwenyewe. Anayesema nini kimesababisha nini ni daktari. Wengi hapa huandika kinachoonekana sawa na kuendelea, na nani angejua?

Aliinuka. Aliibeba faili mkononi, akapita katikati ya foleni hadi chumba cha daktari, akagonga. Kupitia mlango ulioachwa wazi nilimwona akiweka kidole kwenye ukurasa wa zamani bila kusema neno. Kijana akasoma, akatikisa kichwa kukubali, akaongeza mstari mmoja: kutokana na mvunjiko wa zamani wa kikombe cha nyonga.

Akarudi, akafungua juzuu ya tatu, halafu ya kwanza. M16.5, kiungo cha nyonga kulika baada ya jeraha. T91.2, madhara ya mvunjiko wa nyonga, ambayo kitabu kinayakubali yakitajwa hivyo na daktari, au yakiwapo mwaka mmoja au zaidi baada ya jeraha. Alihesabu miezi kwa vidole, ingawa daktari alikwisha kutaja. Mwisho Y85.0, madhara yaliyobaki ya ajali ya gari.

"Basi Mama," akamwambia shangazi akimpa kadi, "pikapu ile bado iko humu. Lakini ni moja."

Shangazi akaikunja kadi ndani ya leso, akanishika mkono, tukateremka ngazi polepole kuelekea stendi.