Mvua Ikipiga Bati, Mtazame Mzee wa Pembeni

Kibanda umiza, yaani kibanda cha kuonyeshea filamu, cha Tukuyu ni mahali pazuri pa kumpima mwigizaji, na sababu yake ni mvua. Mji huu hupata zaidi ya milimita 2,000 kwa mwaka. Ikianza kupiga bati, maneno ya filamu hayasikiki tena. Hapo nyota anayetegemea kufoka kazi yake imekwisha. Wa kutazama ni yule wa pembeni: baba mwenye nyumba, mlinzi, mganga, mjomba aliyekuja kudai mahari.

Chukua filamu ya King Majuto, yaani Amri Athumani wa Tanga (1948–2018), uzime sauti kabisa. Mwenzake akiongea, Majuto anasikiliza kwa uso mzima, na kicheko kinakuja kabla hajafungua mdomo. Kwangu hicho ndicho kipimo kikubwa: mtu anafanya nini wakati zamu si yake? Mwigizaji mbovu hukaa tu akingoja mwenzake anyamaze, kama abiria wa Kyela anayengoja basi lijae. Mzuri anaishi hata pale kamera inapomtazama mwingine.

Ukali nao una namna yake. Mzee Jengua, Mohamed Fungafunga, aliyefariki Desemba 2020, alizoeleka kama baba mkali tangu enzi za kikundi cha Kaole kwenye ITV. Waliomfuata wengi wanadhani ukali ni kelele. Hapana. Mzee anayeogopwa nyumbani kwake hana haja ya kupaza sauti. Atamke neno moja tu, watoto wametawanyika. Anayefoka kuanzia mwanzo hadi mwisho mpunguzie alama bila huruma.

Lakini sisi Wanyakyusa wa Rungwe, wilaya yenye Tukuyu, tuna mtihani wetu. Kubandika "fijo", yaani "sana", mwishoni mwa kila sentensi hakumfanyi mtu Mnyakyusa. Tazama mwili. Mila yetu ya zamani inamtaka mkamwana amkwepe baba mkwe, asikutane naye uso kwa uso wala kumtaja jina. Siku hizi wengi wamelegeza, ila bibi zetu hawajasahau. Sasa filamu inasema tuko kijijini, enzi hizo, na baba mkwe anakohoa nje. Mwigizaji aliyefanya utafiti wake bega litageuka lenyewe, atatafuta mlango wa uani kabla hata ya kuweka sufuria chini. Asiyejua atatoka na sinia la chakula, amkazie macho mzee, amwambie karibu baba. Hapo kibanda kizima kitaangua kicheko, na tukio lilikuwa la msiba!

Nguo na mvi za unga sizipi alama nyingi. Mwigizaji hodari nitamwamini hata akivaa fulana ya kampeni.

Ombi langu ni kwa wenye vibanda: majina yakianza kupanda mwishoni, msikimbilie kuzima. Wale wazee wa pembeni huandikwa huko chini kabisa, na tunataka kuwajua.