Kati ya Jina na Msimbo: Uhakiki wa Lugha ya Kumbukumbu za Pumu ya Ngozi

1.0 Utangulizi

Uhakiki wa matini katika taaluma ya Kiswahili umejikita zaidi katika riwaya, tamthiliya na ushairi. Matini za hospitali zimeachiwa wale wanaozijaza. Hata hivyo, faili la mgonjwa ni matini kamili: lina msimulizi, mhusika na mpangilio wa wakati, na mwishoni huwa na msimbo mfupi unaodai kubeba maana ya yote yaliyotangulia. Makala haya yanahakiki safari ya maana kutoka kauli ya mgonjwa hadi kwenye msimbo huo, kwa mfano wa ugonjwa mmoja wa mchochota wa muda mrefu ambao nchini Tanzania hujulikana sana kwa jina la pumu ya ngozi. Hoja kuu ni kwamba maana nyingi hupotea njiani si kwa sababu Kiswahili kina uhaba wa istilahi, bali kwa sababu tofauti ambazo sarufi na msamiati wake tayari vinazo hazizingatiwi.

2.0 Sitiari na Herufi

Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa una chimbuko lake katika orodha ya sababu za vifo iliyoandaliwa na Jacques Bertillon na kupitishwa mjini Chicago mwaka 1893. Toleo la sita, la mwaka 1948, liliipanua ili ihusishe pia magonjwa yasiyoua. Katika toleo la kumi, lililoidhinishwa mwaka 1990, magonjwa ya ngozi yamepewa herufi L, na pumu ya ngozi iko L20. Pumu ya mapafu iko mbali nayo, katika J45. Toleo la kumi na moja, lililoanza kutumika rasmi tarehe 1 Januari 2022, limeipa pumu ya ngozi msimbo EA80.

Msimbo, basi, umetenganisha kilichounganishwa na jina la Kiswahili. Ni rahisi kulishuku jina hilo kuwa ni kosa la watu wasio wataalamu, lakini sitiari yake ina mashiko. Maradhi haya mawili huandamana mara nyingi katika mtu mmoja au ukoo mmoja, na tiba huyahusisha na mwelekeo mmoja wa mwili. Zaidi ya hayo, msemaji wa Kiswahili anayesikia neno pumu anajua mambo mawili bila kuelezwa: kwamba ugonjwa huondoka na kurudi, na kwamba hauambukizi. Msimbo L20 hautamki hata moja kati ya hayo kwa anayeusoma peke yake.

Hali ni tofauti kwa neno upele. Neno hili hutaja ugonjwa wa kuambukiza unaoletwa na wadudu wadogo wa ngozi, na pia hutumiwa kwa vipele vya aina yoyote. Uainishaji umezitenga maana hizo: ya kwanza ni B86, na vipele visivyobainishwa ni R21. Tofauti hii si ya kamusi pekee. B86 humaanisha kwamba watu wa nyumba nzima watibiwe. R21 haimaanishi hivyo. Mtoto mwenye pumu ya ngozi ambaye mamaye alisema ana upele, na tabibu akaichukua kauli hiyo katika maana yake ya kwanza, anaweza kupakwa dawa ya kuua wadudu inayoizidishia ngozi yake mwasho, na kutengwa na wenzake kwa ugonjwa asio nao.

Katika zahanati na hospitali nyingi za Tanzania mahojiano hufanyika kwa Kiswahili, ilhali faili huandikwa kwa sehemu kubwa kwa Kiingereza. Hapo pana tafsiri isiyo na mfasiri anayetajwa wala matini chanzi inayohifadhiwa. Neno la mama halimo katika faili. Kilichomo ni uamuzi wa tabibu kuhusu neno hilo.

3.0 Tarakimu 8 na 9: Kutendwa na Kutendeka

Geoffrey Bowker na Susan Leigh Star, katika Sorting Things Out (1999), waliuchunguza uainishaji huu na kuonyesha uzito wa makundi yanayopokea mabaki. L20 ni mfano mzuri. Katika toleo la kimataifa kundi hili lina vijisehemu vitatu tu: L20.0, unaobeba jina la daktari Mfaransa Besnier, L20.8, wa aina nyingine, na L20.9, wa aina isiyobainishwa. Marekani, katika toleo lake lililoanza kutumika tarehe 1 Oktoba 2015, imeigawa zaidi L20.8, hata ugonjwa wa mikunjo ya viungo ukapata L20.82 na wa watoto wachanga L20.83.

Tarakimu 8 na 9 hazina maana moja. Anayeandika 8 anajua aina ya ugonjwa ila haikutengewa nafasi yake. Anayeandika 9 anakiri kwamba faili halikutaja aina. Ya kwanza ni pengo la orodha, ya pili ni pengo la uandishi. Kiswahili kinaweza kulitamka hili kwa usahihi kupitia mnyambuliko wa kitenzi. Isiyobainishwa iko katika kauli ya kutendwa: yupo mtu aliyepaswa kubainisha na hakufanya hivyo. Isiyobainika iko katika kauli ya kutendeka: ugonjwa wenyewe haukujidhihirisha. Isiyojulikana huenda mbali zaidi, kwa kudai kwamba hakuna ajuaye. Kuifasiri 9 kwa isiyojulikana ni kumwondolea mwandishi wajibu na kuubebesha ugonjwa.

4.0 Rangi ya Mwandishi

Ukali wa ugonjwa haumo katika L20. Hubaki katika maelezo. Vipimo vya SCORAD na EASI vinavyotumika sana vyote huhesabu wekundu wa ngozi. Katika ngozi nyeusi mchochota huweza kuonekana kama zambarau, kijivu au weusi uliozidi, hivyo anayetafuta wekundu ataandika ukali mdogo kuliko uliopo. Tafsiri ya moja kwa moja huongeza tatizo, kwa kuwa mtu mwekundu, katika matumizi ya Waswahili, ni mtu mwenye ngozi ya maji ya kunde. Wagonjwa wenyewe hawaanzi na rangi. Husema ngozi inawasha, inawaka moto, inachonyota. Vitenzi hivyo vitatu huishia katika faili kama neno moja: mwasho.

5.0 Hitimisho

Inaweza kupingwa kwamba msimbo ni chombo cha takwimu, na takwimu hazihitaji utajiri wa lugha. Pingamizi hilo lina nguvu kwa msimbo, lakini halina nguvu kwa maandishi yanayouzaa. Takwimu zinazojazwa tarakimu 9 haziwezi kumwambia mpangaji wa dawa ni wagonjwa wangapi wanahitaji tiba ya miaka na wangapi wanahitaji ya wiki moja. Hatua mbili zinawezekana sasa: neno la mgonjwa liandikwe katika faili kama lilivyotamkwa, kabla ya tafsiri ya tabibu, na wanaistilahi watakaoshughulikia uainishaji huu watenge kutendwa na kutendeka bila kuvichanganya. Katika kazi hiyo mwanaisimu hana budi kuhusishwa, kwani kosa linaloanzia katika kiambishi huishia katika ngozi ya mtu.