Ramani ya Wakati Isiyo na Shinkolobwe

Katika riwaya ya Isaac Asimov, The End of Eternity (1955), kipo chama cha watu wanaopanda na kushuka karne kama sisi tunavyopanda lifti. Wanaishi nje ya wakati, mahali nitakapopaita Umilele, palipoanzishwa karne ya 27. Watazamaji wao huingia katika kila zama na kuandika ripoti; wakokotoaji husoma ripoti hizo na kuamua karne ipi irekebishwe. Kiswahili chetu kinahesabu kesho, keshokutwa, mtondo, mtondogoo, halafu kinanyamaza kwa adabu. Hawa wamepita karne ya 150,000, wakakuta dunia haina mtu.

Nimeisoma mara mbili mwaka huu, na kilichonishika si mashine bali urasimu. Wana-Umilele wana vyeo, beji za begani, vinyongo vya ofisini na bosi anayemchukia mtu wa chini yake. Asimov aliona jambo ambalo waandishi wengi wa safari za wakati hawalioni: atakayechora ramani ya wakati hatafanana na baharia, atafanana na afisa mipango.

Mhusika mkuu, Andrew Harlan, ni Fundi, yaani ndiye anayetumwa kufanya badiliko lenyewe. Badiliko huwa dogo mno. Mara moja aliharibu klachi ya gari ili kijana mmoja asifike kwenye mhadhara wa mekanika. Kijana akabadili fani, uvumbuzi ukachelewa, na vita vya karne iliyofuata vikafutika. Nani atapinga vita kufutika? Lakini pamoja na vita wanafutika watu, na wengine wanabaki na nyuso zilezile huku tabia na maisha yao yamegeuzwa. Hakuna anayewalilia, maana kwa hesabu za Umilele hawakuwahi kuwepo. Kwangu hapo ndipo riwaya inapouma. Chama hiki si cha wabaya. Ni watu wa nia njema wanaofanya hesabu ambayo mwenye hasara hawezi kuja kuikagua.

(Wanawake karibu hawamo chamani, sababu inayotolewa ni ya kitakwimu. Takwimu hizo, bila shaka, zimekokotolewa na wanaume.)

Wahakiki huisifu tamati ya kitabu, nami hapo ndipo naachana nao. Noÿs Lambent, mwanamke ambaye Harlan amevunja sheria zote kwa ajili yake, anajifunua kuwa ametoka karne za mbali ambazo chama hakikuweza kuziingia. Amekuja kuuzima Umilele usizaliwe, kwa kuwa watu waliokingwa na kila hatari hawakuthubutu kwenda kwenye nyota mapema. Njia yake? Barua moja kwa mtu wa Italia, ili aanze kuipiga urani kwa nyutroni. Asimov hamtaji, ila aliyesoma fizikia atamwona Enrico Fermi. Bomu la atomu litakuja karne ya 20, na binadamu watakuwa huru.

Tunatakiwa tushangilie. Lakini Noÿs amefanya nini kama si kazi ya Fundi? Kitendo kidogo, kilichochaguliwa na mtu asiye wa zama hizo, kwa manufaa makubwa ya baadaye, na gharama ikatwe kwa wengine. Riwaya iliyotufundisha kuichukia hesabu hiyo kwa kurasa nyingi inairudia mwishoni na kuiita uhuru. Kitabu kilitoka miaka 10 baada ya Hiroshima, na Hiroshima ndani yake imekuwa nauli ya kwenda kwenye nyota.

Na urani yenyewe ilitoka wapi? Sehemu kubwa ya iliyotumiwa na mradi wa bomu wa Marekani ilitoka Shinkolobwe, mgodi wa Katanga, Kongo, uliokuwa wa kampuni ya Kibelgiji ya Union Minière. Mwaka 1940 tani zipatazo 1,200 za mawe hayo zilisafirishwa hadi Staten Island, New York. Waliochimba walikuwa Wakongo, katika nchi ambamo Kiswahili kilikuwa lugha ya kazi migodini. Utasema namdai mwandishi wa Marekani habari za Katanga. Namdai, kwa sababu kitabu chake ndicho kilichonifundisha kuuliza ripoti imemwacha nani nje.

Bado ningekupa ukisome, na ukisome hadi mwisho, hata ukiwa mtu wa kukunja uso mbele ya mapenzi yaliyoandikwa kwa mkono mzito. Pale mwishoni Harlan na Noÿs wamesimama peke yao mwaka 1932, chombo chao kimetoweka, na nyota zote ziko mbele yao. Mwaka huo Shinkolobwe ilikuwa ikijulikana kwa radiamu. Urani ilikuwa karibu takataka.