Pongezi kwa Kirangozi

Ukifika Lusu, wilayani Nzega, wengi watakusimulia habari za dhahabu. Lakini mimi nawasifu wapagazi wa Unyamwezi, waliobeba mizigo ya misafara, hasa kirangozi, kiongozi wa msafara. Mwaka 1871 mpelelezi Stanley alitembea karibu miezi mitatu kutoka Bagamoyo hadi Tabora. Katika msafara kama huo, kirangozi ndiye aliyetangulia na bendera, akijua kisima kipi hakikauki na mtemi yupi adaiye hongo, yaani ushuru wa njia, kabla watu hawajapita. Nyuma yake mpagazi alibeba hadi frasila mbili begani, ushanga akienda bara, pembe za ndovu akirudi pwani. Bila hao, wageni wasingevuka hata Ugogo! Pale Kwihara, karibu na Tabora, kwenye makumbusho ya Livingstone, kirangozi naye anastahili chumba chake.